Chungu Kinachokaa Kwenye Gesi

Tunu alifika Boko Jumatatu asubuhi na beseni kichwani, na ndani ya beseni mlikuwa na chungu kilichopasuka. Alishuka kwenye bajaji pale njia panda, akatembea hatua za mtu asiye na haraka, akapita geti la mabati, akalitua beseni juu ya meza ya kufinyangia. Bernadeta alikuwa anapachika mkono kwenye kikombe kibichi. Aliinua macho, akatazama ndani ya beseni, akakiweka kikombe chini taratibu. Alikitambua chungu chake mara moja. Vipande vilikuwa vinne, na kwenye kile kikubwa tui la nazi lilikuwa limeganda kama nta.

"Mama Loveness, mie sijaja kugomba," Tunu akasema. "Nimeona nikuletee ukione kwa macho yako, maana ningekwambia kwenye simu usingeniamini."

Tunu alikuwa na mgahawa wake wa mabati karibu na soko pale Kawe. Kwao Kilwa, na watu walikuwa wanatoka ofisini na gereji za mbali kuja kula samaki wake wa nazi, ambao kwa miaka yote hajawahi kuwapika kwenye kitu kingine zaidi ya chungu. Miaka mitatu sasa vyungu vyake vyote vilitoka kwa Bernadeta.

"Ulikibandika kwenye moto gani?" Bernadeta akauliza.

"Wa gesi. Si tumeambiwa mkaa basi. Uongozi wa soko umetupa mwezi mmoja tu, ukikutwa na jiko la mkaa unafungiwa. Nikawasha, nikabandika, nikakoroga tui langu kama siku zote. Mara nasikia ta, kama mtu anayealisha vidole. Kugeuka, mchuzi wote uko chini, moto umezimika, na watu wameshanawa mikono."

Bernadeta akachukua vipande viwili, akavikutanisha. Ufa ulianzia chini kabisa, katikati ya kitako, ukapanda hadi mdomoni bila kupinda.

"Nitakupa kingine," akasema.

"Cha nini? Nacho kitapasuka. Ndiyo maana nimekuja mwenyewe kabla hujasikia kwa watu. Mie nanunua sufuria. Na wenzangu pale sokoni, wote kumi na moja waliochukua vyungu kwako, wanamwangalia Tunu atafanya nini."

Akanywa chai aliyokaribishwa, akakisifia kikombe kwamba hakimchomi vidole, akaaga. Beseni akalichukua. Vipande akaviacha.

Bernadeta Hokororo alikuwa na miaka arobaini na saba, na nusu ya kwanza ya maisha yake aliitumia kuukimbia udongo. Alizaliwa kijijini si mbali na Masasi, kwa mama mfinyanzi aitwaye Monica, na utotoni mwake hakuna siku ya mnada ambayo hakubeba chungu kichwani. Alipomaliza shule aliapa kwamba akifika Dar es Salaam atatafuta kazi ya kukaa kwenye kiti. Akaipata. Miaka kumi na moja aliuza vigae vya sakafu na masinki ya vyoo kwenye duka moja Tegeta. Kazi aliipenda. Alijifunza kugonga kigae kwa ukucha na kujua, kwa mlio tu, kama kimeiva vizuri au kina ufa usioonekana. Barabara ilipopanuliwa jengo likavunjwa, tajiri akahamia mkoani, na Bernadeta akarudi nyumbani Boko na sanduku la sampuli za vigae ambalo hakujua alifanyie nini.

Kilichomrudisha kwenye udongo kilikuwa kikombe. Watawa fulani walikuwa na karakana ya ufinyanzi na wakatangaza kanisani mafunzo ya miezi mitatu. Alienda kwa sababu hakuwa na kazi. Huko akafundishwa kukalia gurudumu, kuchekecha udongo hadi uwe laini kama unga wa maandazi, na kupaka gilezi, ile dawa inayoyeyuka tanuruni na kuwa kama kioo. Siku alipotoa kikombe chake cha kwanza tanuruni, kikiwa bado na joto, alikishika kwa mikono miwili na hakutaka mtu akiguse. Mumewe Gregori, mwalimu wa Jiografia, alimwona anaingia nacho ndani kama anabeba kifaranga, akajua kwamba kazi ya kukaa kwenye kiti imekwisha.

Fundi wa kuchomelea akamtengenezea gurudumu la kupiga kwa mguu kutokana na flaiwili, lile gurudumu zito la injini, ya lori bovu. Tanuru wakalijenga nyuma ya nyumba kwa matofali ya kuchoma. Na tangu mwanzo Bernadeta akajiwekea sharti moja: hakuna chombo kitakachouzwa kabla kimoja cha aina yake hakijatumika nyumbani kwake mwenyewe. Akibuni kikombe kipya, familia inakinywea wiki mbili. Mdomo wake ukiwa mnene chai ikachuruzika kidevuni, anaubadilisha. Jagi likidondosha tone baada ya kumimina, linarudi mezani, shingo inakatwa upya. Gregori alikuwa analalamika kwamba yeye peke yake Boko nzima ndiye anayejifunza kunywa chai kila mwezi.

"Kikombe kinashikwa na mtu aliyeamka sasa hivi," alikuwa anawaambia wateja. "Macho hayajafunguka. Kwa hiyo mkono wake lazima ujitafutie wenyewe mahali pa kushika, bila kuuliza."

Ndiyo maana vipande vile vinne vilimkera kuliko hasara yoyote. Siku ile ya Tunu hakugusa tena vikombe. Alikaa anavitazama mpaka akakubali kosa liko wapi. Chungu kile kilikuwa kimepita mtihani wote wa nyumbani kwake, lakini ulikuwa mtihani wa mkaa. Nyumbani kwake hakukuwa na gesi. Alikuwa amemuuzia mtu chombo cha kutumia mahali ambapo yeye mwenyewe hakuwahi kukitumia.

Jumatano akafunga safari ya Kawe. Hakubeba bidhaa, alibeba daftari. Akamwomba Tunu ruhusa ya kukaa jikoni kwake tangu anawasha moto hadi anafunga.

"Utachoka," Tunu akamwambia.

"Nipe tu kigoda."

Alikaa tangu saa mbili asubuhi mpaka saa tisa. Sufuria mpya za Tunu zilikuwa zinang'aa juu ya majiko matatu. Bernadeta hakuziangalia sufuria, aliangalia moto. Akaona kwamba mkaa unalikumbatia tumbo lote la chungu, unapanda polepole, lakini gesi inapiga mahali pamoja, pete ndogo ya buluu katikati ya kitako, na inapiga kwa nguvu kuanzia sekunde ya kwanza. Akaona vile vyuma vya jiko vya kubandikia ni vyembamba, na kitako cha mviringo kikikaa juu yake kinagusa ncha tu, kinayumba. Akaona Tunu anaongeza maji ya baridi katikati ya mapishi bila kufikiri, akichelewa kidogo kwa mteja. Akaona akiepua, chombo kinatua kwenye sakafu ya saruji iliyomwagika maji. Yote haya akayaandika. Kati ya hayo hakuna hata moja aliloona ni kosa la Tunu. Hivyo ndivyo mtu mwenye wateja arobaini anavyopika.

Ng'ambo ya kichochoro palikuwa na Fransis, muuza sufuria, mtu mrefu mwenye mzaha, ambaye mwezi huo biashara yake ilikuwa haijawahi kuwa nzuri hivyo.

"Mama vyungu," akaita, "umekuja kutuaga?"

"Nimekuja kuangalia moto, kaka Fransis."

"Angalia vizuri. Sufuria haina maneno. Ukiiangusha inabonyea, unaigonga, maisha yanaendelea."

Tunu akacheka. Bernadeta naye akacheka, kwa sababu ilikuwa kweli. Lakini Tunu alipompakulia sahani ya samaki mchana, alionja mara moja, akamtazama, na Tunu akainamisha macho.

"Najua," Tunu akasema kwa sauti ya chini. "Wateja nao wanajua. Jana mmoja kaniuliza kama nimebadilisha mpishi."

Bernadeta akanunua jiko la gesi la plate mbili na mtungi. Gregori alifurahi, akidhani ni maendeleo ya nyumba. Kesho yake akaelewa. Kila alasiri mkewe alibandika chungu kipya chenye maji, akawasha moto hadi mwisho, akasimama hatua mbili nyuma na mikono kiunoni. Chungu cha kwanza alikifanya kinene, akiamini unene ndio nguvu. Kikapasuka upesi kuliko cha Tunu. Cha nne alikipa kitako bapa kabisa kama cha sufuria. Hicho kilikaa vizuri juu ya vyuma, kikachemka, akaanza kuwa na matumaini, kisha alipokiepua kitako kizima kikajikata kwenye kona na kubaki juu ya jiko, mwili ukiwa mikononi mwake. Cha saba alikipaka gilezi nje na ndani. Kilitoa mlio ambao majirani waliuliza.

Gregori alikuwa sebuleni anasahihisha madaftari. Alikuwa anasikia ta, anafungua daftari lingine. Siku ya kumi na moja akaja mlangoni.

"Mama Loveness, na ukiwaambia tu ukweli? Kwamba chungu ni cha mkaa, gesi ina sufuria zake. Vikombe vyako vinatutosha. Sahani zinakwenda. Hakuna atakayekucheka."

"Mkaa unakwisha, Baba Loveness. Miaka kumi ijayo nani atakuwa na mkaa hapa mjini? Nikiwaambia hivyo nitakuwa nimewaambia chungu kimekufa. Na mie ndiye niliyekizika."

Gregori akainama, akamsaidia kuokota vipande.

Kisha masika ikaja. Mvua ya siku tatu iliyafurisha maji kutoka bondeni, yakaingia karakana usiku watu wamelala, na asubuhi vyungu sita vibichi vilivyokuwa vinasubiri tanuru vilikuwa vimerudi kuwa tope, vimelala chini kama watu waliochoka. Bernadeta alisimama ndani ya maji ya kifundo cha mguu. Siku hiyo alilia. Akalia vizuri, akamaliza, akachota tope lake kwenye ndoo maana udongo ni udongo, na mchana huo akampigia simu mama yake.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Mbona mchana? Kuna mgonjwa?"

"Hakuna mgonjwa. Vyungu vyangu vinapasuka."

Mama Monica alikuwa na miaka themanini kasoro, na macho yalikuwa yamemwacha kidogo, ila masikio yalikuwa mazima. Akamsikiliza bintiye mpaka mwisho. Kisha akauliza, "Udongo unaufanyaje?"

"Naukausha, nautwanga, nauchekecha, nauloweka, halafu nauchuja kwa kitambaa."

"Unauchuja kwa kitambaa," mama akarudia. "Unakamua tui au unafinyanga?"

"Ndivyo walivyotufundisha, mama."

"Walikufundisha vikombe. Sikatai. Kikombe kinatiwa chai, moto hakiujui tena. Chungu kinaishi motoni. Ukiulainisha udongo namna hiyo, moto ukiusukuma hauna pa kwenda, lazima upasuke. Sie tulikuwa tunatwanga vyungu vilivyokufa, tunarudishia humo humo. Umesahau? Ulikuwa unatwanga wewe, unalia mikono inauma."

Bernadeta hakuwa amesahau. Alikuwa ameweka mbali tu. Sauti ya mchi ikigonga vigae vya vyungu kinuni ilimjia hivi hivi, na malengelenge ya viganja vyake akiwa darasa la tano.

"Na kitako?" mama akaendelea. "Umekifanyaje?"

"Nilikifanya bapa, kikae kwenye vyuma. Kikakatika kwenye kona."

"Umeweka kona? Yai ulishaliona lina kona?"

"Lakini kikiwa cha mviringo kinayumba, mama. Mafiga na vyuma vya gesi si kitu kimoja."

"Hapo sasa mie sijui," Mama Monica akasema. "Gesi sijawahi kuipikia. Hiyo ya vyuma utaitafuta wewe uliyeko huko. Ila kona, hapana."

Akaitafuta. Vyungu vyote vilivyopasuka, kile cha Tunu kikiwemo, vikaingia kinuni. Akatwanga mpaka akapata chenga kama mchele wa kuvunjika, na vumbi lake akalipepeta, maana hakulitaka. Udongo wa bondeni Bunju akaacha kuuchuja kwa ajili ya vyungu. Akaokota mawe na mizizi kwa mkono tu, akachanganya na chenga, sehemu tatu kwa moja. Udongo ule ulikuwa unakwaruza viganja, haukukubali gurudumu hata kidogo. Basi akaliacha gurudumu kwa vikombe, akarudi kupandisha kuta kwa misokoto mirefu ya udongo, mmoja juu ya mwingine, kama nyumbani kwao.

Kitako kilimsumbua wiki mbili zaidi. Jibu akalipata siku jirani alipomwazima karai la kukaangia maandazi. Karai lile kuukuu lilikuwa na tumbo lililolala, si bapa wala si la mviringo, mkunjo mrefu mpole usioonekana unaanzia wapi. Akaliweka juu ya jiko la gesi. Likakaa kwenye vyuma vyote bila kuyumba. Akaliosha, akaligeuza kifudifudi, akalipaka majivu, na juu ya mgongo wake akatandaza udongo kwa kiganja. Unene akaupima kwa sindano ya kushonea magunia, akichoma hapa na pale: kitako na ubavu vilingane kabisa, nusu ya kidole chake kidogo, pasiwe na mahali moto unakuta ukuta mnene na mahali unakuta mwembamba. Masikio ya kushikia akayapandisha juu karibu na mdomo, ndimi za gesi zisiyafikie. Akayafanya mapana, mtu aingize vidole vinne na kitambaa.

Tanuruni nako akabadilisha mwendo. Zamani alikuwa anaharakisha. Sasa alianza na makumbi ya nazi, moto wa moshi tu, saa nne nzima, ndipo akatia kuni.

Chungu cha ishirini na tatu alikichemshia kwanza uji mzito wa muhogo, ukanywewa na vitundu vyake, kisha akakiacha kikauke. Alasiri yake akatia maharage na maji, akabandika, akafungua gesi hadi mwisho. Akarudi nyuma hatua mbili. Maji yakaanza kuimba, yakachemka, yakafurika kidogo. Dakika ishirini. Arobaini. Gregori aliacha madaftari akaja kusimama mlangoni. Maji yalipopungua na chungu kikawa cha moto kiasi kwamba hewa juu yake ilikuwa inacheza, Bernadeta akachota kata ya maji ya baridi kutoka kwenye mtungi wa kunywa.

"Usifanye hivyo," Gregori akasema.

"Tunu atafanya hivyo."

Akamimina yote kwa mkupuo. Chungu kilitoa mvuke na mlio mrefu wa kukaranga. Wakasubiri. Mlio ukafifia. Povu la maharage likapanda tena taratibu, kama hakuna kilichotokea.

Bernadeta akageuza ndoo, akaikalia. Walikula maharage yale bila chumvi kwa sababu hakuna aliyekumbuka kuitia, na Gregori aliongeza mara mbili.

Hata hivyo hakukimbilia Kawe. Alikipikia siku arobaini, kila siku, maharage, kisamvu, kunde, ndizi, siku nyingine akikiepua na kukitua kwenye saruji yenye maji makusudi. Akafinyanga vingine vinne kwa kipimo kile kile, kuhakikisha kwamba cha kwanza hakikuwa bahati. Vyote vikasimama. Ndipo akampigia Tunu.

"Nina chungu cha gesi, ila sikuuzii," akamwambia. "Nataka ukipikie."

Tunu alifikiri kidogo. "Njoo nacho Ijumaa," akasema. "Mchana, watu wakiwa wamejaa. Kikipasuka, wewe ndiye utakayewaambia hakuna samaki."

Ijumaa ile watu walikuwa wametoka msikitini, madawati yote yamejaa, na habari ilikuwa imeshazagaa sokoni. Akina mama lishe wengine waliacha mabanda yao wakaja kusimama pembeni na miko mikononi. Fransis alivuka kichochoro akiwa amebeba ndoo ya maji, akaiweka karibu na miguu yake.

"Ya nini hiyo?" Tunu akamuuliza.

"Ya kufagilia mchuzi."

Watu wakacheka. Bernadeta alikuwa amevaa gauni lake la kanisani, na alisikitika kwamba amelivaa, kwa kuwa jasho lilikuwa linamtoka mgongoni. Tunu akawasha. Kwenye jiko la kushoto kulikuwa na chungu, na la kulia akaweka sufuria ya mchuzi ule ule, ili wateja wasikose chakula mambo yakiharibika. Majiko yote mawili yalitumia mpira mmoja, mtungi mmoja. Akakaanga vitunguu, akatia nyanya na bizari, tui la pili, vipande vya nguru. Chungu kilikaa juu ya vyuma bila kuyumba. Tunu akaongeza maji ya baridi, nusu kata, bila kufikiri, kama kawaida yake. Bernadeta akafumba macho. Alipofumbua, mchuzi ulikuwa unaanza kutokota.

Tunu akamimina tui zito. Ni hapo moto ulipotikisika, ukawa wa njano, ukazimika kwenye majiko yote mawili. Gesi ilikuwa imekwisha.

Minong'ono ikaanza. Tunu akagonga mtungi kwa mguu, akauinua, mwepesi kama debe tupu. Akamtuma mtu duka la gesi, lililokuwa ng'ambo ya barabara kubwa. Kwenye sufuria mchuzi ulitulia hapo hapo, mafuta yakaanza kutanda juu. Mteja mmoja akaangalia saa.

"Jamani," mmoja wa akina mama lishe akasema, "hebu sikilizeni."

Wakasikiliza. Chungu kilikuwa bado kinatokota. Bila moto chini yake, mchuzi ulikuwa unapanda na kushuka, mapovu manene ya taratibu, na harufu ya nazi na bizari ikawa inazidi. Tunu alisogea akainama hadi uso wake ukapata mvuke. Akachukua mfuniko, akafunika, akasimama anangoja na mwiko kifuani. Hakuna aliyeondoka. Wateja waliokuwa mbali walisimama ili waone. Yule aliyetumwa alikimbia dukani, akakuta foleni, akarudi na mtungi mpya begani, ndipo Tunu akafunua. Nguru walikuwa wameiva, nyama inaachia mfupa, tui halijakatika. Upande wa kulia samaki walikuwa bado wabichi ndani.

Tunu akapakua sahani ya kwanza, akampa mzee aliyekuwa amekaa karibu, fundi wa mageti ambaye alikula pale tangu mgahawa unafunguliwa. Mzee akamega ugali, akachovya, akatafuna bila haraka. Watu wote walikuwa wanamtazama yeye.

"Haya," akasema. "Tunu amerudi."

Vigelegele vilivyopigwa pale vilisikika mpaka kwenye mabanda ya samaki. Bernadeta alijikuta amekumbatiwa na wanawake asiowajua, bizari ikabaki kwenye gauni lake la kanisani, wala hakuifuta. Tunu alimshika mabega, akamwangalia, akarudi kupakua maana watu walikuwa wamenyoosha sahani. Kabla ya saa tisa kila mmoja wa wale kumi na moja alikuwa ameshamwambia Bernadeta anataka vikubwa vingapi na vya wastani vingapi. Mmoja alitaka kimoja leo leo, kile kile cha jikoni, na Tunu akamwambia akiguse aone.

Fransis alimsubiri mpaka watu wapungue. Ndoo yake ya maji ilikuwa bado imejaa.

"Dada Bernadeta," akasema, na hakumwita mama vyungu, "hivi na mie naweza kuviweka pale kwangu? Nitavipanga mbele."

"Mbele ya sufuria?"

"Mbele ya sufuria."

"Nitakuletea. Ila kila atakayenunua, umwambie achemshe uji kwanza, halafu akiache kikauke. Usipomwambia, nakuja kuvichukua."

"Nitamwandikia kabisa."

Hayo yalikuwa mwaka juzi. Siku hizi karakana ya Boko ina sakafu iliyoinuliwa juu ya maji ya masika, na wanawake wawili, Sesilia na Flaviana, wanafinyanga pamoja na Bernadeta juu ya migongo ya makarai saba. Mpishi mkuu wa hoteli moja ya Mbezi Beach, Eufrazia, alikuja kuagiza vyungu vidogo vya mlo wa mtu mmoja. Alitaka ving'ae nje. Bernadeta alimkatalia, akampikia maharage mbele yake, na Eufrazia akaagiza mia mbili visivyong'aa. Mama Monica naye alikuja Krismasi. Alipapasa kitako cha chungu kwa vidole vyake, akakizungusha mara mbili akitafuta kona, hakuipata. "Masikio umeyaweka juu," akasema, na bintiye alipomweleza sababu, akatikisa kichwa kukubali, akaomba aoneshwe jinsi ya kuwasha gesi.

Mara moja kwa mwezi Bernadeta huenda Kawe mchana, bila kumwarifu Tunu, akakaa dawati la nyuma kama mteja yeyote. Mwezi uliopita foleni ilifika kichochoroni. Vyungu vitano vilikuwa motoni, vitako vimekuwa vyeusi, midomo imechakaa kidogo pale mwiko unapogongwa, na kijana wa ofisini aliyekaa pembeni yake alikuwa ananung'unika kwamba hapa samaki ni wazuri ila wanasubirisha sana. Bernadeta alimwambia avumilie. Sahani yake ilipofika alikula yote, akanyoosha mkono, akaomba aongezewe mchuzi.